Ile Soseji ya Verlyn Tveit

Kwa miaka ishirini Verlyn Tveit alikuwa mtu jasiri kuliko wote bondeni kwetu, na ujasiri wenyewe ulikuwa wa kula. Wapo waliokwenda vitani wakarudi na medali, na yupo aliyeingia kwenye zizi linaloungua akatoa ndama wanne. Verlyn alikula soseji. Na kwa kuwa sisi watu wa bonde hili, huku kusini magharibi mwa Wisconsin, hatuna mengi ya kututoa macho kuanzia Novemba mpaka theluji iyeyuke, tulimpigia makofi, naye akadhani makofi yale alistahili.

Chanzo chake ni ugonjwa wa kukonda ulioingia kwa kulungu wetu. Mnyama hupukutika nyama, masikio yakalegea, udenda ukamtoka, na mwisho husimama katikati ya barabara akikodolea gari macho kama mtu aliyesahau alichotumwa dukani. Hauna dawa. Ofisi ya wanyamapori ilituma karatasi nyumba kwa nyumba, na karatasi ile ilisema mambo mawili: kwamba hadi sasa hajaonekana binadamu aliyeupata ugonjwa huo, na kwamba hata hivyo tuwapime kulungu wetu na yeyote atakayekutwa nao tusimle. Bonde likagawanyika hapo hapo. Kuna waliosoma sehemu ya kwanza wakaitupa karatasi, na kuna waliosoma mpaka mwisho.

Verlyn aliitupa. Shemeji yake Delmar Quamme, kaka wa mkewe Ardis, aliisoma mpaka mwisho, akaikunja, akaiweka ndani ya Biblia. Tangu hapo Delmar akiua kulungu hukata kichwa na kipande cha shingo, hukitia kwenye mfuko, hufunga kibandiko chenye namba, na kwenda kukitumbukiza kwenye sanduku la chuma lililowekwa njia panda, karibu na duka la vyakula vya mifugo. Wataalamu hukichukua wakapima tezi za koo. Nyama inakaa ndani ya friza imebandikwa utepe ulioandikwa BADO, na hakuna anayeigusa mpaka majibu yatoke, wiki mbili, wakati mwingine tatu. Verlyn alimwita Profesa. Kila wakikutana alimuuliza yule mgonjwa wake wa ndani ya mfuko anaendeleaje, na kama ameshamwandikia miwani.

"Mimi nimekula kulungu tangu nina meno ya utoto," Verlyn alikuwa akisema. "Nitazame. Nina kasoro gani?"

Ardis, akiwa jikoni, alikuwa hajibu swali hilo.

Jukwaa kubwa la ujasiri wa Verlyn lilikuwa karamu ya mawindo, inayofanyika kila Jumamosi ya kwanza ya Desemba kwenye ukumbi wa chini wa kanisa letu la Kilutheri. Wanawake huleta viazi, kabichi chachu na lefse, zile chapati za viazi zinazopakwa siagi na sukari, na wanaume huleta walichoua. Verlyn alileta soseji ya kulungu aliyoisaga mwenyewe, akaichanganya na mafuta ya nguruwe na haradali, akaifukiza kwa moshi wa mti wa tufaha siku tatu. Ilikuwa tamu, hilo halina ubishi. Kabla watu hawajala, yeye husimama kando ya mashine ya kahawa, akala kipande cha kwanza mbele ya wote, kisha akalegeza taya, akaweka vidole kichwani kama pembe na kuyumba huku na huku akimkodolea macho Mchungaji. Watu walicheka mpaka kahawa ikawatoka puani. Mwaka hadi mwaka kichekesho kile kile, na mwaka hadi mwaka tulicheka, jambo ambalo halitupi sisi sifa yoyote.

Sasa, mwaka huu ninaousimulia, mke wa Curt, mtoto wa pekee wa Verlyn, alikuwa mjamzito. Anaitwa Janelle. Walikuwa wameoana miaka saba na mimba mbili zilikuwa zimetoka. Mimba ya pili ilipotoka, Verlyn, mtu mwenye la kusema juu ya kila kitu chini ya jua, alikosa la kusema, akaenda kwao na ngazi akawatengenezea paa ambalo halikuwa limeharibika. Hii ya tatu ilikuwa imefika miezi saba. Alikuwa ameshatengeneza kitanda cha mtoto kwa mti wa mwaloni, na mara mbili Ardis alimkuta gereji akikitikisa kitupu.

Siku ya kwanza ya msimu wa bunduki Verlyn aliangusha dume mnene, manyoya yanang'aa, pembe zenye ncha nane. Mnyama hakuwa na dalili ya kuumwa hata ukucha. Lakini alipokuwa anamchuna pale gereji, huku kitanda cha mtoto kiko kando kimefunikwa shuka, kikamjia kisauti kidogo kikisema: na Janelle atakula. Verlyn akasimama na kisu mkononi. Alijaribu kukicheka kisauti kile kama alivyomcheka Delmar miaka yote, kikakataa kuchekwa.

Basi akakata kichwa. Akakitia ndani ya mfuko mtupu wa chakula cha ndama, akakisukuma nyuma ya kiti cha pikapu, akakifunika kwa koti. Sanduku la njia panda liko dakika tano kutoka kwake, lakini mtu aliyewatania wapimaji miaka ishirini atapimaje mbele ya duka ambako kila mtu hununua chumvi? Akaendesha saa nzima kwenda wilaya nyingine ambako hamjui mtu na hakuna mtu anayemjua.

Alipofika alimkuta Lavern Bakken.

Lavern ni swahiba wake wa kambi ya mawindo, na ndiye aliyekuwa akicheka kwa sauti kuliko wote kile kichekesho cha vidole. Alikuwa amesimama mbele ya sanduku, mfuko mkononi, damu imelowesha pembe moja ya mfuko.

"Unafanya nini huku?" Verlyn akauliza.

"Nimekuja kutafuta betri. Wewe je?"

"Kuna trekta naliangalia."

Wakazungumza juu ya betri. Wakazungumza juu ya matrekta. Upepo ulikuwa mkali na hakuna aliyeondoka.

"Hiki ni cha binamu yangu," Lavern alisema mwishowe, akitazama mfuko wake.

"Hata changu ni cha binamu."

"Binamu yupi?"

"Humjui."

Lavern anawajua binamu wote wa Verlyn tangu wabatizwe, na wengine aliwahi kuwazika. Aliitikia kwa kichwa kama mtu aliyeridhika kabisa. Wakatumbukiza vichwa vyao, mmoja baada ya mwingine, wakaagana bila kutazamana, na kwa urefu wa njia ya kurudi kila mmoja alijitenga mbali na mwenzake ili isionekane wameongozana.

Nyama Verlyn aliisaga wiki ile ile. Alijiambia kwamba kutengeneza si kula. Ilipotoka kwenye moshi aliifunga, akaipanga ndani ya friza ya gereji, akachukua utepe akaandika BADO kwa herufi kubwa, kama za Delmar. Kisha akaligeuza lile furushi ili maandishi yalale chini, friza yenyewe isije ikamcheka.

Wiki mbili zikapita, simu haijalia. Ijumaa, usiku wa kuamkia karamu, Ardis akamuuliza atapeleka nini kanisani. Hapo ndipo palipokuwa na mlango wa kutokea, na ulikuwa wazi. Angeweza kusema mwaka huu sina. Lakini angeulizwa kwa nini, na kila jibu lilikuwa linamrudisha kwenye lile sanduku. Akajipigia hesabu: hawajapiga simu, maana yake hakuna tatizo. Wahenga wetu wa pande zote walishaonya kwamba kimya kingi kina mshindo, ila Verlyn alikuwa akiwasikiliza wahenga pale tu wanapokubaliana naye. Akaenda gereji, akaubandua ule utepe kwa ukucha, akautia mfukoni.

Karamu ilikuwa nzuri. Watu sitini na kitu, meza zimejaa. Verlyn alisimama kando ya mashine ya kahawa, akala kipande cha kwanza, akaweka vidole kichwani, akayumba, na watu wakacheka. Lavern naye alicheka, ila alianza akiwa amechelewa. Kisha Verlyn akakata soseji vipande vitatu vinene, akaviweka kwenye sahani na kumpelekea Janelle kwa mkono wake mwenyewe pale alipokaa na miguu juu ya kiti.

"Viwili vyako," akamwambia, "kimoja cha mjukuu."

"Asante, Baba," Janelle akasema, akatabasamu.

Alipopita tena baadaye sahani ilikuwa nyeupe.

Jumatatu asubuhi simu ikalia. Alikuwa mwanamke wa ofisi ya wanyamapori, mwenye sauti ya upole ambayo ilimtisha Verlyn kuliko kama angefokewa. Alisema yule dume amekutwa na ugonjwa. Alisema wanashauri nyama isiliwe, na angeelezwa namna ya kuitupa.

"Nyama iko wapi sasa, bwana Tveit?"

"Imesambaa," Verlyn akasema.

Yule mwanamke akauliza imesambaa vipi. Verlyn akaeleza. Akauliza kama moshi wa siku tatu haukutosha kuua kitu hicho. Hapana, akajibiwa, kwa sababu si kijidudu cha kuuawa; ni protini iliyokunjika vibaya, nayo inazifundisha zilizo jirani yake kukunjika vibaya, na moto wa jikoni hauiwezi. Verlyn alifikiri kwamba huo ndio ufafanuzi mzuri zaidi wa maisha yake pale kanisani aliowahi kuusikia. Aliuliza jambo moja tu lililobaki.

"Mwanamke mjamzito akila?"

"Hatujamwona binadamu yeyote aliyeupata, na tumetafuta," yule mwanamke alisema. "Lakini siwezi kukuambia kwamba haiwezekani. Hakuna anayeweza kukuambia hivyo."

Yeye Verlyn alikuwa akiwaambia watu hivyo hivyo kwa miaka ishirini, bure, na bila kuombwa.

Siku mbili zilizofuata alizitumia kujipima akili. Alikwenda kwenye zizi tupu, maana ng'ombe alishauza, akajaribu kutaja kwa majina na kwa mpangilio ng'ombe wote waliowahi kusimama pale. Alifika wa thelathini na sita akakwama. Aliingia nyumbani kuchukua kitu, akasahau ni kitu gani, akasimama katikati ya jiko akikodoa macho, mpaka Ardis akamwambia miwani iko kichwani. Alijisogeza karibu na kioo cha bafuni kutazama kama masikio yamelegea. Yalikuwa yamelegea, ila hata ya babake yalikuwa hivyo. Ukweli ni kwamba Verlyn alikuwa akisahau vitu tangu kijana na hakuna aliyedhani anaumwa. Ugonjwa wake ulikuwa mwingine, na bonde zima liliujua.

Lakini alipomaliza kujipima, hofu ilibaki pale pale ilipokuwa. Hakujiogopea yeye. Alimwogopea yule wa miezi saba ambaye hakuulizwa kama anapenda soseji. Jumatatu jioni alikwenda kwa Curt amwambie Janelle ana kwa ana. Janelle akamfungulia mlango, tumbo mbele, na Verlyn akasema amekuja kutazama mifereji ya paa. Akaitazama, akaitoa majani, akarudi nyumbani. Jumanne alikwenda tena, akauliza kama tairi za theluji zimeshafungwa. Zilikuwa zimefungwa. Alikaa ndani ya pikapu nje ya nyumba ile mpaka kioo kikajaa ukungu.

Jumatano za majilio, zile wiki za kuingoja Krismasi, sisi hula supu pamoja kanisani kabla ya ibada. Ukumbi ule ule, watu wale wale, mashine ya kahawa ile ile. Verlyn hakulala usiku wa kuamkia siku hiyo, na asubuhi alikuwa ameamua: walioila soseji hadharani wataambiwa hadharani. Hakumwambia hata Ardis, kwa kuwa alijua akimwambia mtu mmoja atapata nafuu kidogo, na nafuu hiyo ingemtosha kunyamaza.

Mchungaji alipomaliza sala ya chakula, Verlyn akasimama kando ya mashine ya kahawa.

"Nina jambo," akasema. "Yule kulungu niliyewalisha Jumamosi alikuwa mgonjwa. Nilimpima. Wamenipigia simu."

Ukumbi ukalipuka kwa kicheko.

Alingoja wakanyamaza, akalirudia neno kwa neno. Wakacheka zaidi. Mtu mmoja wa meza ya nyuma akaweka vidole kichwani na kuyumba. Verlyn akasema hatanii, na mwanamume mwingine akasema ndiyo maana mwaka huu ilikuwa tamu zaidi. Mdomo huponza kichwa, na kichwa cha Verlyn kilikuwa kimesimama pale, chekundu, kinasema kweli kwa mara ya kwanza mahali pale na hakuna aliyekuwa tayari kukiamini. Akautoa mfukoni ule utepe wa BADO, umekunjamana, umekamata nyuzi za suruali, akaunyanyua juu. Hakuna aliyeelewa. Walidhani ni sehemu ya kichekesho, wakapiga makofi.

Hapo akainuka Lavern Bakken.

"Hatanii," akasema, macho yakiwa sakafuni. "Nilimkuta kwenye sanduku la vichwa, kule wilaya ya pili. Na mimi nilikuwa na changu. Hakikuwa cha binamu."

Kicheko kikakatika. Verlyn akaeleza yote kwa haraka, bila kujipendelea: kwamba alipima kwa siri kwa kuona haya, kwamba majibu yalikuwa hayajatoka, kwamba utepe aliubandua mwenyewe, kwamba ofisi inasema hajaonekana binadamu aliyeupata lakini hakuna anayeweza kuapa. Alimaliza kwa kusema anaomba msamaha. Neno hilo alilitamka vibaya kama mtu anayejaribu kiatu kipya, kwa kuwa hakuwa na mazoezi nalo.

Wa kwanza kuuliza ni Hjordis, bibi wa miaka tisini na mmoja, aliyekaa karibu na kipasha joto.

"Huo ugonjwa unachukua muda gani mpaka umpate mtu?"

"Hawajui, bibi. Kwa wanyama ni mwaka na zaidi. Kwa mtu, kama upo, labda miaka mingi."

"Basi ugonjwa huo ukitaka kunipata mimi itabidi ukimbie," Hjordis akasema, akaendelea na supu yake.

Wengine walicheka, kwa kuwa mtu akitafuta ruhusa ya kucheka huipata. Lakini Brielle Amundson hakucheka. Ana watoto wawili wadogo, na Jumamosi ile mkubwa wao alirudi kwenye meza ya Verlyn mara tatu. Alisimama, akawavalisha makoti bila kuwafunga zipu, akawashika mikono na kupita mbele ya Verlyn bila kumtazama. Mlango ukafungwa nyuma yao taratibu. Verlyn angependelea ubamizwe. Hakuwa na neno la kumtupia mama yule, wala mzaha, na mzaha ndio mali pekee aliyokuwa nayo ukumbini mle.

Delmar akaja akasimama kando yake. Verlyn akajikaza kama mtu anayengoja sindano.

"Haya, Profesa. Sema."

"Miaka ishirini nimeingoja siku hii, shemeji," Delmar akasema. "Hotuba nilikuwa nimeshaiandaa. Sasa imefika, sina hamu nayo." Akammiminia kahawa, akaondoka.

Muda wote huo Verlyn alikuwa akimtafuta Janelle kwa macho na kumkwepa kwa macho hayo hayo. Alimwona akiinuka kwa kujishika mgongo, akielekea jikoni. Curt alitaka kumfuata, Janelle akamkalisha kwa mkono. Verlyn akaenda. Jikoni Ardis alikuwa anaosha masufuria, amewapa mgongo.

Janelle alisimama akiegemea friji, mkono mmoja juu ya tumbo.

"Siku ile unanipa sahani, ulikuwa unajua?"

"Nilikuwa sijui. Nilikuwa nangoja majibu."

"Ulikuwa unangoja majibu. Na sahani ukaniletea."

"Ndiyo."

"Viwili vyangu, kimoja cha mtoto."

"Ndiyo," Verlyn akasema. Angeweza kusema mengine, kwamba kichwa kile alikikata kwa ajili yake yeye na mtoto, kwamba asingekuwa na mimba asingepima kabisa. Yote yalikuwa kweli, na alipoyapima mdomoni yakawa mabaya kuliko kunyamaza. "Niliogopa wasije wakanicheka," akasema.

Janelle alimtazama. Machozi yalikuwa yamemlenga, na Verlyn akaona kwamba mwanamke huyu, aliyezika matumaini mara mbili bila kumlaumu mtu yeyote, sasa alikuwa na mtu wa kumlaumu. Akangoja. Kama angemwambia asikanyage tena kwake, alikuwa tayari kwenda. Ngazi yake tu angewaachia, huenda wakaihitaji.

"Sikuila," Janelle akasema.

Verlyn hakuelewa.

"Sikuila, Baba. Hata punje. Wala sijawahi kuila, tangu nimekuja kwenu."

"Lakini sahani ilikuwa tupu. Niliiona."

Kwenye sinki, mikono ya Ardis ikatulia ndani ya maji.

"Kipande unakitia kwenye karatasi ya kufutia mikono ukijifanya unafuta mdomo," Ardis akasema bila kugeuka. "Karatasi unaitia mkobani. Halafu unasema tamu. Nilimfundisha Krismasi yake ya kwanza. Unadhani mbwa wa Delmar ananifuata kanisani kwa sababu ananipenda?"

"Wewe pia?"

"Mimi pia."

"Tangu lini?"

"Tangu Delmar aliponisomea ile karatasi mpaka mwisho. Ulikuwa umeitupa, nikaenda kuisoma kwake." Ardis akageuka sasa, akijifuta mikono kwenye aproni. Hakuwa anacheka, na hakuwa amekasirika. Alikuwa na uso wa mtu aliyetua mzigo alioubeba kwa muda mrefu akaona haukuwa mzito sana. "Nilijaribu kukwambia mwaka ule wa kwanza. Ukaniwekea vidole kichwani."

Verlyn alikumbuka. Akatafuta pa kukaa, akapata kreti la viazi, akakaa. Miaka ishirini ya mezani ilipita mbele ya macho yake, kila kipande na kila karatasi, kila "tamu sana, Verlyn" aliyoipokea kwa kifua mbele. Mke wake alikuwa amemdanganya. Mkaza mwanawe alikuwa amemdanganya. Shujaa wa bonde alikuwa akilisha mkoba.

"Hata ile ya Pasaka?" akauliza. "Yenye pilipili?"

"Hata ile ya Pasaka," Ardis akasema.

Akaanza kucheka, na kicheko kikamgeukia njiani. Alilia akiwa amekalia viazi, mikono usoni, na utepe wa BADO umemganda kidoleni, hautoki. Aliwaza juu ya Brielle, ambaye hakuwa na mtu wa kumfundisha ile mbinu ya karatasi na mkoba, na ambaye kesho itambidi aende mlangoni kwake bila ngazi wala kisingizio. Aliwaza juu ya kile kitanda cha mwaloni. Katika maisha yake Verlyn Tveit alikuwa amemshukuru Mungu kwa mavuno, kwa mvua, kwa ng'ombe waliozaa salama. Lakini hakuwahi kumshukuru kwa moyo wote kama alivyomshukuru pale jikoni, kwa kuwa alioa mwongo, na mwongo yule akafundisha mwingine.

Janelle akampakulia bakuli la supu, akaliweka juu ya magoti yake. Hakuwa amemsamehe bado, hilo lilionekana kwa jinsi alivyoliweka. Lakini aliliweka.

Verlyn akaitazama ile supu.

"Ndani yake kuna nini?" akauliza.

Ardis na Janelle wakatazamana. Kwa miaka yote waliyomjua, ndiyo ilikuwa mara yake ya kwanza kuuliza.